Siku sita nikifuata nyayo za Ronny Turiaf

Alhamisi. Seattle kwenda Spokane

Treni huondoka Seattle saa kumi na moja kasoro dakika tano jioni, na ratiba inasema utashuka Spokane saa saba kasoro usiku. Ratiba inasema. Waliozoea njia hii walishanionya kwamba wakati wa theluji reli ni ya treni za mizigo, sisi abiria ni wageni tu, na mgeni husubiri apishwe.

Mkobani nina soksi pea nne, sweta, chupa ya chai ya tangawizi na bahasha ya hospitali. Ndani ya bahasha kuna karatasi moja: Jumanne ijayo, saa tatu asubuhi, kipimo cha moyo. Nimeshaahirisha mara mbili. Ya kwanza nilisingizia zamu ya ghalani. Ya pili sikusingizia kitu, nilipiga simu nikasema siji. Yote yalianza Oktoba, Jumamosi moja nikiwafundisha vijana kikapu huku Kent. Nilikimbia mara tatu tu kutoka goli hadi goli, pumzi ikakata, nikakaa chini katikati ya uwanja kama mtu anayetafuta funguo. Daktari alisikiliza kifua changu kwa muda mrefu kuliko nilivyopenda, kisha akasema anataka kuuona mshipa mkuu wa damu unaotoka moyoni, aota, umekaaje.

Basi mimi, badala ya kwenda kuuonyesha huo mshipa, nikaanza kumsoma Ronny Turiaf, mchezaji wa kikapu wa Ufaransa ambaye mshipa huohuo ulimpeleka kwenye meza ya upasuaji.

Mke wangu aliponiona nafunga mkoba alisema, "Wenzako wanaikimbilia hospitali, wewe unaikimbia kwa treni." Nikamwahidi kurudi Jumatatu jioni. Hakujibu. Alinifungia maandazi sita kwenye karatasi, na mwanamke akikukasirikia halafu akakufungia maandazi, ujue kazi unayo ukirudi.

Sisi Watanzania tukitaja mchezaji aliyepitia chuo cha Marekani tunamtaja Hasheem Thabeet wa Connecticut, aliyechaguliwa wa pili mwaka 2009 katika drafti, yaani uteuzi wa wachezaji wapya, ya NBA, ligi kuu ya kikapu ya Marekani, na tuna haki ya kutamba. Turiaf ni habari nyingine. Alizaliwa Januari 13, 1983, Fort-de-France, Martinique, kisiwa cha Karibi ambacho ni sehemu ya Ufaransa kwa sheria kamili, si koloni wala jirani. Akakulia Le Robert, upande wa mashariki ambako mawimbi ya Atlantiki yanapiga. Kwa umri ambao wengine bado wanatumwa dukani, aliiacha bahari akapelekwa INSEP, kituo cha taifa cha kulea wanamichezo kilicho ndani ya msitu wa Vincennes, Paris. Karibu kilomita 7,000 kutoka kwa mama. Hukohuko alikuwa na Wafaransa wenzake wa kikapu, Tony Parker na Boris Diaw. Parker alikwenda NBA mwaka 2001 akiwa kijana mdogo, moja kwa moja. Diaw alibaki kwanza akicheza Ufaransa. Turiaf akachagua njia ya tatu, chuo. Na katika vyuo vyote vya Marekani, akaenda Spokane.

Ukipita Leavenworth gizani hauoni milima, unaihisi. Kabla ya hapo treni ilizama kwenye handaki la Cascade, lenye urefu wa zaidi ya kilomita 12, na mzee aliyekaa mbele yangu akavua kofia kana kwamba tumeingia msikitini. Dirisha lilinionyesha uso wangu tu. Nikala andazi la pili.

Tulifika saa nane na nusu usiku. Baba Neema alikuwa amelala ndani ya gari lake, injini inanguruma, kioo kimeganda. "Karibu, ndugu. Umefika muzuri? Huku kuko baridi ya kuua, eh!" Yeye ni mtu wa Uvira, lakini miaka yake 17 aliimaliza kambini Nyarugusu, Kigoma, kabla ya kuletwa Marekani. Humwambia kila mtu kwamba anaijua Tanzania kuliko mimi, na siku akianza kuhesabu vijiji vya Kasulu sina la kumjibu.

Ijumaa. Spokane

Nimeamka saa nne. Sombe na fufu asubuhi, kwa sababu Mama Neema haamini kwamba mtu anaweza kutembea kwenye theluji na chai peke yake tumboni.

Chuo cha Gonzaga ni cha mapadri Wajesuiti, kilianza 1887, na kimekaa kando ya mto Spokane, dakika chache kutoka katikati ya mji ambako maporomoko ya mto yanapita chini ya madaraja. Nilitegemea kuona kitu kikubwa. Ni kidogo! Minara miwili ya kanisa la Mtakatifu Aloysius ndiyo inayokuongoza, na ukishaiona hiyo umeona karibu chuo chote. Kuna sanamu ya mwimbaji Bing Crosby, aliyesoma hapa, na nyumba alimokulia ipo palepale. Wanafunzi wanapita na viatu vya mpira, mikono mfukoni. Nilijaribu kumfikiria kijana wa miaka 18 kutoka Le Robert, mita mbili na ushee, akishuka hapa mwaka 2001 na kuona mto unatoa mvuke kwa baridi.

Swali la kwa nini hapa lina jibu zuri. Mwaka 1999 Gonzaga, chuo ambacho Wamarekani wengi hawakujua hata kulitamka jina lake, kiliingia kwenye nane bora za mashindano ya taifa ya vyuo. Kocha aliondoka mwaka huohuo, msaidizi wake Mark Few akapewa timu, na 2000 na 2001 wakafika tena kumi na sita bora. Hadi leo Few yuko palepale. Kabla ya hao wote alikuwepo John Stockton, mtoto wa mji huu, aliyecheza hapa hadi 1984 na baadaye akatoa pasi za mwisho 15,806 katika NBA, rekodi ambayo hakuna aliyeikaribia. Chuo kidogo, basi, lakini chenye watu wanaojua mpira, na chenye njaa. Kijana kutoka kisiwani anaelewa njaa ya aina hiyo.

Niliutafuta kwanza ukumbi wa zamani, Martin Centre, ambao Turiaf aliuchezea miaka mitatu. Unabeba watu 4,000 hivi. Siku hizi ni wa mpira wa wavu. Mlango mmoja ulikuwa wazi, mfanyakazi anasukuma ufagio, akanikubalia kwa kichwa nisogee hadi ukingoni. Majukwaa yako karibu mno na uwanja. Nikaelewa kwa nini waliuita banda la mbwa: nembo ya timu ni mbwa, na watu 4,000 wakibweka ndani ya chumba kama hiki, mgeni anayepiga mtupo huru anasikia pumzi zao shingoni.

Ukumbi mpya, McCarthey, uko hatua chache. Ulifunguliwa 2004, watu 6,000, na Turiaf akaumalizia mwaka wake wa nne humo. Nje, kwenye nyasi zilizokauka, nilikuta vigingi na alama za mahema. Wanafunzi hulala hapo usiku kabla ya mechi kubwa, kwenye hii baridi, ili wapate nafasi za mbele. Wiki hii timu iko ugenini, kwa hiyo niliishia kwenye vioo vya mlango, viganja usoni, nikichungulia makombe kama mtoto mbele ya duka la baiskeli.

Sasa niseme jambo ambalo mashabiki wake hulipita haraka. Miaka minne ya Turiaf, ukiihesabu kwa yale mashindano ya taifa ya vyuo, ya kila Machi, ni miaka ya maumivu. 2002, Gonzaga ilikwenda ikiwa na ushindi 29, ikatolewa na Wyoming raundi ya kwanza. 2003, raundi ya pili, Salt Lake City, walikutana na Arizona waliokuwa wamepangwa namba moja. Mechi ikaenda dakika za nyongeza, ikaenda tena za nyongeza, Arizona 96, Gonzaga 95, na mtupo wa mwisho wa Gonzaga ukakataa kuingia. Wapo watu mji huu wakikumbushwa usiku ule wanabadilisha mada. 2004 walipoteza mechi mbili tu kabla ya mashindano, wakapangwa namba mbili, wakaja kucheza Seattle, karibu na nyumbani, na Nevada ikawachapa 91 kwa 72. 2005, Tucson, Texas Tech ya kocha mzee Bob Knight, 71 kwa 69. Ndiyo ikawa ya mwisho kwake akiwa na jezi ile.

Kwa hiyo hakuwahi kufika kumi na sita bora. Timu ilifika kabla hajaja na ikafika mwaka mmoja baada ya yeye kuondoka. Mtu mwenye roho ya kununa angesema ana mkosi. Lakini mwaka ule wa nne alichaguliwa mchezaji bora wa ligi yao ya West Coast, akiwa na wastani wa karibu pointi 16 na ribaundi (mipira inayodunda kutoka golini ukaidaka) 9 na ushee kwa mechi, na aliondoka na zaidi ya pointi 1,700 za miaka minne. Alibaki miaka yote minne, hilo ndilo linalonikaa mimi. Siku hizi kijana akifunga vizuri miezi minne anafungasha.

Nimerudi kwa miguu kando ya mto. Nilisimama mara mbili kupumzika. Mara ya pili haikuwa ya kutazama mandhari.

Jumamosi. Spokane

Mtoto wa Baba Neema ana miaka 16 na mikono inayofika magotini. Ameniomba twende uwanja wa ndani wa mtaani, mmoja kwa mmoja. Nikasema goti linauma. Goti langu halijawahi kuuma tangu nizaliwe. "Papa, ulisema wewe ni kocha," akasema. Nikakaa benchini na koti langu, nikimwelekeza namna ya kumzuia mtu mgongoni kwa makalio na si kwa mikono, maana hapo ndipo Turiaf alipokula mkate wake. Hakuwa mtupaji wa mbali. Alikuwa fowadi wa kazi ngumu: kusukumana chini ya goli, kuzuia mipira hewani, kupokea mkwaju na kwenda kwenye mstari wa mitupo huru, halafu kupiga kelele ukumbi uwake. Kijana aliuliza kwa nini nafundisha nimekaa. Nikamwambia makocha wakubwa wote hukaa. Ni uongo, wote husimama.

Jioni tulikwenda Jack and Dan's, baa iliyoko hatua chache kutoka chuoni, ambayo baba yake Stockton alikuwa mmoja wa wenye nayo. Baba Neema hanywi, aliagiza soda na viazi vya kukaanga, akatazama televisheni kwa heshima ya mtu anayependa soka. Karibu yetu alikaa bwana mmoja mwenye ndevu nyeupe na kofia ya timu. Nilipotaja Turiaf aliweka glasi chini. Hakuniambia takwimu hata moja. Aliniambia kuhusu nywele zake za kusuka, na jinsi alivyokuwa akimkumbatia kila mtu, hadi wazee wa viti vya nyuma wasiomjua. "Ilipotangazwa kuhusu moyo wake," akasema, "mji huu ulikaa kimya siku mbili." Kisha akaniuliza mimi natoka wapi, na kwa nini nasafiri majira haya. Nilisema napenda treni.

Usiku sikupata usingizi upesi, kwa hiyo niandike hapa lililotokea.

Juni 28, 2005, Los Angeles Lakers, timu ya NBA, walimchagua Turiaf kwenye drafti, nafasi ya 37. Umri miaka 22. Wakampa mkataba wa miaka miwili wa zaidi ya dola milioni moja. Kisha, kama ilivyo kawaida, wakampeleka kupimwa. Si kwamba alikuwa anaumwa. Hakuzimia, hakukaa chini katikati ya uwanja. Ni kipimo cha kawaida cha mchezaji mpya, na picha ikaonyesha kwamba chanzo cha aota, pale inapotokea moyoni, kimetanuka. Mshipa uliotanuka vile unaweza kupasuka, na mtu anayerukaruka chini ya goli kila usiku anaupa kila sababu ya kupasuka. Lakers waliufuta mkataba. Hiyo ndiyo sehemu ambayo mtu akiisoma haraka anawalaani. Lakini hawakuachia haki yao ya kumsajili, na wao ndio waliolipia upasuaji.

Ulifanyika Julai 26, 2005, hospitali ya Stanford, ukachukua saa sita. Upasuaji wa aina hii mfupa wa kidari hukatwa kwa msumeno, moyo husimamishwa, mashine inausukumia mwili damu, na sehemu ya mshipa iliyotanuka hutolewa ikawekwa mrija wa kitambaa maalumu. Nimeandika sentensi hiyo pole pole. Naomba isomwe hivyohivyo.

Septemba ya mwaka huo Ufaransa ilipata medali ya shaba ya Ulaya huko Belgrade. Parker alikuwepo, Diaw alikuwepo. Turiaf alikuwa anajifunza upya kupanda ngazi.

Jumapili. Spokane kwenda Yakima

Kanisani kwa Wakongo. Ibada saa tatu na nusu, kwaya nne, na ya tatu ilinitoa machozi kwa wimbo ambao mara ya mwisho niliusikia Kigoma. Mchungaji aliwaita wagonjwa mbele. Baba Neema akanitazama. Simjui aliyemwambia. Namjua vizuri sana aliyemwambia. Simu ya mke wangu haina vocha ya kuisha.

Tuliondoka saa nane mchana. Baba Neema ana dada Yakima, anafanya kazi kwenye ghala la kupangia tufaha, kwa hiyo safari yangu ilipata gari bila nauli. Ni kilomita zaidi ya 300. Ritzville, Moses Lake, mashamba ya ngano yaliyolala chini ya theluji, upepo unasukuma gari pembeni. Alisubiri hadi tumepita Moses Lake.

"Ndugu yangu, moyo unauma?"

"Hauumi. Unachoka."

"Na hospitali?"

"Jumanne."

Akanyamaza kilomita kumi hivi. Kisha akaniuliza kwa nini basi nimekuja kutembelea viwanja. Nikamsimulia habari ya Hank Gathers, kwa sababu ndiyo niliyokuwa nayo kichwani tangu asubuhi. Gathers alikuwa fowadi wa chuo cha Loyola Marymount, ligi ileile ya West Coast ambayo Turiaf alikuja kuicheza. Msimu mmoja aliongoza nchi nzima kwa pointi na kwa ribaundi pamoja. Desemba 1989 alianguka uwanjani wakati wa mechi, wakampima, moyo ukaonekana unapiga vibaya, akapewa dawa, akarudi kucheza. Machi 4, 1990, nusu fainali ya ligi, alipokea pasi hewani akaizamisha golini, watu wakapiga kelele, na sekunde chache baadaye akaanguka. Alikuwa na miaka 23. Kwa hiyo miaka 15 baadaye, daktari aliyeishika picha ya moyo wa Turiaf hakuwa anasoma kitabu. Alikuwa anamwona mtu mwingine.

"Huyo alipimwa pia," akasema Baba Neema.

"Alipimwa akiwa ameshaanguka."

"Kama wewe."

Hapo tukawa tunateremka kuelekea Vantage. Mto Columbia unatokea ghafla, mweusi, mpana, kuta za mawe pande zote, na juu ya kilima kuna farasi wa chuma wamepangwa wakikimbia kwenda popote. Hatukusema kitu hadi tumevuka daraja.

Baada ya Ellensburg barabara inapanda na kushuka matuta makubwa yasiyo na mti hata mmoja, halafu taa za Yakima zinatandazika chini. Kuna bango pembeni linaloukaribisha mgeni kwenye "Palm Springs ya Washington". Palm Springs ni mji wa jangwani wa matajiri, California. Nje kulikuwa na nyuzi tisa chini ya sifuri. Baba Neema alicheka hadi akapunguza mwendo.

Jumatatu. Yakima kwenda Seattle

Bonde hili linatoa tufaha, na linatoa kiasi cha robo tatu ya maua ya hopsi yanayotiwa kwenye bia ya Marekani nzima. Majira haya ni nguzo na nyaya tupu, kama shamba la antena. Mimi nilikuja kuona kuba.

SunDome inaonekana kutoka mbali, duara, iko kwenye viwanja vya maonyesho ya kilimo. Ndani yake wafugaji huleta ng'ombe, shule huleta fainali zao, na kwa miaka mingi ilikuwa nyumba ya Yakima Sun Kings, timu ya ligi ya CBA. Hiyo ilikuwa ligi ya watu wenye ndoto zilizochelewa: waliokatwa NBA, wanaorudi kutoka majeraha, wanaosafiri kwa basi. Timu ilikufa, na ligi nayo ikafuata mwaka 2009. Nilizunguka jengo zima. Milango imefungwa, theluji imesukumwa ukutani, gari moja la matengenezo. Hakuna kibao kinachosema kwamba mtu aliyefunguliwa kifua Julai alikuja hapa majira ya baridi ya msimu uleule kujaribu kama bado ni mchezaji.

Nilisimama pale karibu nusu saa. Gonzaga nilikwenda kama shabiki. Hapa ndipo nilipotaka kufika hasa, na nadhani nilijua hivyo tangu Seattle. Chuoni watu walikuwa wakipiga kelele kabla hajafanya kitu. Hapa hakuna aliyekuwa amemlipia tiketi yeye. Mtu una kovu kutoka shingoni hadi chini ya kifua, umeambiwa na madaktari kwamba mfupa umeunga, na mpinzani wako, ambaye naye anatafuta ajira yake, anakuja kukupiga kiwiko hapohapo. Mara ya kwanza unapokwenda kugombea ribaundi, unaruka na nini? Mguu najua. Lakini ile sehemu nyingine inayoruka kabla ya mguu, nani anaipima?

Aliruka. Mwanzoni mwa 2006 Lakers walimsaini upya, na akacheza mechi zake za kwanza za NBA kabla msimu ule haujaisha. Ukihesabu tangu meza ya upasuaji, haufiki mwaka. Baada ya hapo mambo yalikwenda mbio, nami nitayapita mbio: fainali ya 2008 na Lakers, wakafungwa na Boston; akachezea Golden State, New York na Washington; kisha Machi 2012 Miami Heat wakamchukua, na Juni wakawa mabingwa, akavaa pete. Kiangazi hichohicho alikuwa na timu ya Ufaransa kwenye Olimpiki ya London, hatimaye jezi moja na Parker na Diaw kwenye michezo mikubwa kuliko yote. Misimu kumi ya NBA kwa jumla. Hakuwahi kuwa nyota. Alikuwa yule anayetoka benchi, anazuia mipira miwili, anagombana na jitu la upande wa pili, anarudi kukaa na taulo kichwani na kuwashangilia wenzake kuliko mashabiki wenyewe. Alianzisha pia taasisi ya kuwasaidia watoto wenye maradhi ya moyo.

Basi la mchana. Dada yake Baba Neema alinipa mfuko wa tufaha, mazito, nikayakumbatia kama mtoto njia nzima hadi juu ya mlima Snoqualmie, ambako tulisimama saa nzima wakisafisha barabara. Nikapiga simu nyumbani kueleza. "Mlima umeufunga wewe?" mke wangu akauliza. Lakini alikuwa anacheka, kidogo.

Seattle tuliingia usiku. Teksi ilipita karibu na ukumbi ambamo Nevada iliwachapa Gonzaga 2004. Siku hizi umejengwa upya chini ya paa lilelile la zamani na umepewa jina jipya, wanachezea mpira wa magongo wa barafuni. Nilimwonyesha dereva, kijana wa Kihabeshi. Akasema hapendi kikapu.

Jumanne. Hospitali

Nilifika saa tatu kasoro robo. Mke wangu alikuja, akakaa na mfuko wa tufaha mapajani, akawagawia wagonjwa wawili tusiowajua.

Chumba kidogo, taa imepunguzwa, baridi. Fundi wa kipimo ni dada wa makamo, mikono yake ina haraka ya mtu aliyeamka mapema. Alinibandika vitufe vitatu vya waya, akanipaka kitu kama uji wa baridi kifuani, akabonyeza kifaa katikati ya mbavu kwa nguvu nisiyoitarajia. Kwenye skrini kikatokea kitu cha kijivu, kinafunguka na kufunga, kama samaki anayehema. Nilidhani kitakuwa na umbo la moyo. Kisha akabonyeza kitufe na sauti ikatoka, shwaa, shwaa, shwaa, mawimbi kabisa.

"Unacheza mchezo wowote?" akauliza, macho kwenye skrini.

"Kikapu."

"Nafasi gani?"

"Fowadi."

Akasogeza kifaa juu kidogo, karibu na shingo ya mfupa wa kifua. Akaweka alama mbili za msalaba kwenye picha, akavuta mstari kati yake, tarakimu zikatokea pembeni. Nilijaribu kuzisoma, zilikuwa ndogo.

"Geukia kushoto," akasema. "Vuta pumzi. Ishike hapo."